Nyota ya Baba kwenye Kifua cha Aliyempiga Mwana

Nazungumza nanyi kutoka Agincourt, mashariki ya jiji la Toronto, mtaa ambao ukishuka kwenye basi katika barabara ya Sheppard unapokewa na mabango ya Kichina, kisha ya Kitamil, kisha duka la Mfilipino, na humo humo katikati wamo Waswahili wenzetu, wengine wa Unguja, wengine wa Mombasa, wengine wa Dar es Salaam waliopitia kwanza London au Muscat.

Jina la mtaa huu ni la vita. Tarehe 25 Oktoba 1415, mahali paitwapo Azincourt kaskazini mwa Ufaransa, Mfalme Henry V wa Uingereza aliwashinda Wafaransa waliokuwa wengi kuliko watu wake, na mamwinyi wa Ufaransa wakalala matopeni wamevaa vyuma. Sasa jina hilo limefikaje Kanada? Wenyeji wanasimulia kwamba kwenye miaka ya 1850 mwenye duka mmoja, John Hill, alitaka kijiji chake kipate posta. Mwanasiasa wa Quebec akamwahidi kumsaidia, kwa sharti posta hiyo ipewe jina la Kifaransa. Hill akakubali, naye akachagua jina la Kifaransa kweli kweli, ila la mahali ambapo Wafaransa walichapwa. Posta ikafunguliwa mwaka 1858. Mimi sijui kama yule wa Quebec alicheka au alikasirika, lakini ninapolisoma jina hilo kwenye kibao cha kituo cha treni huwa natabasamu.

Basi tukiwa mtaani penye jina la mashujaa wa farasi na panga, nimeona leo tuzungumze habari za mashujaa wetu wa namna hiyo. Wako wanaodhani mambo ya wafalme kuwavisha watu nishani na kuwaingiza katika jamaa ya waheshimiwa ni ya Ulaya peke yake. Zanzibar ilikuwa nayo. Tena ilikuwa nayo zaidi ya moja, na moja kati ya hizo ilizaliwa kwa moshi wa mizinga.

Kwanza nieleze kidogo kitu chenyewe. Mfalme anaposimamisha nishani ya namna hii hagawi kipande cha madini tu. Anaunda jamaa. Jamaa hiyo ina madaraja, ina utepe wa rangi yake, na ina mwenyewe, ambaye ni mfalme. Ukikubali kuivaa umekubali kwamba yule aliyekuvisha ana haki ya kukuheshimisha. Hapo ndipo penye siasa yote. Na nyingi ya jamaa hizi hazikudumu. Mfalme Jean II wa Ufaransa alisimamisha ya kwake mwaka 1351, ikaitwa ya Nyota, akawaapisha watu wake wasikimbie vitani. Mwaka uliofuata, huko Mauron katika nchi ya Bretagne, wakashika kiapo chao. Wasimulizi wa zama hizo wanasema zaidi ya 80 walikufa pale pale kwa sababu waliona aibu kurudi nyuma. Mwaka 1356 Jean mwenyewe akatekwa na Waingereza huko Poitiers, na Nyota yake ikazimika.

Ya Zanzibar nayo ilikuwa nyota. Kwa Kiarabu iliitwa Wisam al-Kawkab al-Durri, nasi tuite Nyota Ing'aayo ya Zanzibar. Aliyeisimamisha ni Seyyid Barghash bin Said, mwaka 1875. Ukitaka kujua kwa nini mwaka huo, tazama alikuwa wapi. Mwezi wa Juni 1875 Barghash alikuwa London, mgeni wa serikali ya Uingereza, akifuatana na balozi wao kule Zanzibar, Dkt. John Kirk. Alikuwa ametoka kubanwa vibaya. Tarehe 5 Juni 1873 aliwekewa mkataba mbele yake wa kufunga biashara ya watumwa baharini, na manuwari zikiwa hazipo mbali, akatia saini. Safari ya London ilikuwa ya kumpoza na kumwonyesha ukubwa wa mwenyeji wake. Akapelekwa huku na huku, akakutana na Malkia Victoria, akapigiwa mizinga ya heshima. Habari za safari ile ziliandikwa kwa Kiarabu zikachapishwa kitabu. Katika mji ule ule alikuwako dada yake, Seyyida Salme, aliyekuwa sasa anaitwa Emily Ruete, akitaka sana kuonana na kaka yake, na Waingereza wakahakikisha kwamba hawaonani. Lakini hiyo ni hadithi ya siku nyingine.

Barghash hakuwa mtu wa kuangalia vitu vya watu na kuondoka mikono mitupu. Alipenda saa, mitambo, meli, taa. Ndiye aliyejenga Beit al-Ajaib mwaka 1883, ndiye aliyeleta maji ya bomba mjini, ndiye aliyeagiza mtambo wa kuchapia. Huko Ulaya aliona kila mfalme ana nyota zake za kuwavisha mabalozi na wafalme wenzake. Mfalme asiye na nishani ya kutoa hupokea tu, na anayepokea tu ni mdogo. Barghash akataka naye awe mtoaji. Nyota yake ikawa na daraja la juu kwa ajili ya wafalme na watu wa nyumba za kifalme, na chini yake ngazi za maofisa na watumishi. Katikati ya nishani palikuwa na rangi nyekundu, rangi ya bendera ya Zanzibar, na juu ya wekundu ule jina la Seyyid mwenyewe kwa herufi za Kiarabu. Alipokufa Barghash mwaka 1888, waliomfuata waliendelea na nyota ile ile, kila mmoja akitia jina lake katikati. Ndiyo maana mpaka leo mtu anayejua kusoma Kiarabu anaweza kuiangalia nyota moja mkononi akasema hii ya Seyyid Ali bin Said, hii ya Seyyid Hamud, hii ya Seyyid Khalifa bin Harub.

Sasa tuje kwenye moshi.

Mwaka 1890 Zanzibar ikawekwa chini ya himaya ya Waingereza. Mwaka uliofuata serikali ikapewa Waziri Mkuu Mwingereza, Lloyd Mathews, mwanajeshi wa majini aliyekuwa akifundisha jeshi la Sultani tangu 1877, na Sultani akawa anapewa posho kama mtu mwingine yeyote wa mshahara. Tarehe 25 Agosti 1896 Seyyid Hamad bin Thuwaini akafa ghafla. Kabla watu hawajamaliza matanga, Khalid, mtoto wa Barghash, akaingia jumba la kifalme na wafuasi wake, akajitangaza Sultani. Waingereza walikuwa na mtu wao, Hamud bin Mohammed. Wakampa Khalid amri ateremshe bendera na kutoka kabla ya saa tatu asubuhi ya tarehe 27.

Khalid hakutoka. Saa tatu na dakika mbili mizinga ikaanza. Meli zilikuwa tano: St George, Philomel, Racoon, Sparrow na Thrush, chini ya Admeri Harry Rawson. Jumba lilikuwa la mawe ya matumbawe na mbao za kutoka ng'ambo. Likawaka na kuporomoka. Humo jumbani Khalid alikuwa na mizinga michache, miwili kati yake zawadi ya Kaiser wa Ujerumani, na haikuchukua muda kunyamazishwa. Haikufika saa tatu na dakika arubaini na tano bendera ikawa imeanguka. Vitabu vya dunia vinaviita vita hivyo vifupi kuliko vyote, na watu huvisimulia kwa kicheko. Sijapata kuona cha kuchekesha. Watu wapatao 500 upande wa Khalid walikufa au kujeruhiwa. Upande wa Waingereza baharia mmoja alijeruhiwa.

Jambo moja zaidi kabla sijaendelea. Bandarini palikuwa na meli ya Sultani iitwayo Glasgow. Barghash ndiye aliyeiagiza, ikajengwa Uingereza kwa mfano wa manuwari ya Kiingereza ya jina hilo aliyoipenda. Siku hiyo meli ya Barghash ikafyatua risasi kuwaelekea wale wale waliomjengea, nao wakaizamisha pale pale mbele ya mji. Milingoti yake ikabaki imechomoza juu ya maji kwa miaka mingi, watu wa Forodhani wakiitazama kila asubuhi, mpaka ilipoopolewa mwaka 1912.

Khalid akakimbilia ubalozi wa Wajerumani, kutoka hapo akapelekwa Dar es Salaam. Jioni ya siku ile ile Hamud akakalia kiti.

Na sasa, mfalme mpya anafanya nini wiki chache za mwanzo? Anatoa shukrani. Luteni Arthur Raikes, aliyewaongoza askari wa Kizanzibari waliosimama upande wa Waingereza, akapewa Nyota Ing'aayo tarehe 24 Septemba 1896, hata mwezi haujatimia. Rawson, mwenye meli tano, yeye jina lake likaandikwa tarehe 8 Februari 1897: Nyota Ing'aayo ya Zanzibar, daraja la kwanza.

Hebu tulia hapo kidogo, msikilizaji. Nyota hiyo ilisimamishwa na Barghash. Aliyevikwa ni mtu aliyevunja jumba la kifalme, aliyezamisha meli ya Barghash na kumfukuza mtoto wa Barghash. Wala hakuivaa kwa kificho. Sheria ya Waingereza ilikuwa kwamba Mwingereza hawezi kuvaa nishani ya mfalme wa kigeni bila kibali cha Malkia, na vibali hivyo hutangazwa kwenye gazeti rasmi la serikali, London Gazette. Kwa hiyo tunazo tarehe. Wanaokula njama gizani hawaachi tarehe. Hawa waliona wanafanya jambo la heshima.

Lakini Nyota ilikuwa urithi wa nyumba nzima, na nadhani Hamud alitaka kitu chake mwenyewe. Akasimamisha nishani mpya yenye jina lake: Hamudiya, ambayo Waingereza waliiandika Hamondieh. Tarehe 25 Agosti 1897 majina ya Mathews na Raikes yanatajwa katika jamaa hiyo mpya. Ulikuwa umetimia mwaka mmoja kamili tangu kifo cha Hamad, siku ile kinyang'anyiro kilipoanza. Mathews akawa katika daraja kuu, na Raikes akapandishwa cheo kuwa mkuu wa majeshi ya Zanzibar. Tarehe 18 Juni 1898 ikamfikia na Rawson. Admeri huyo sasa alikuwa na mbili za Zanzibar: ya Barghash na ya Hamud. Baadaye akawa gavana wa New South Wales kule Australia.

Nishani iliyobeba jina la mtu mmoja ina shida moja tu, na shida hiyo ni uhai wa mtu. Hamud alikufa tarehe 18 Julai 1902, hajatimiza miaka sita kitini. Mathews alikuwa ametangulia Oktoba 1901 kwa malaria, akazikwa kule kule Unguja. Nyota ya Barghash ndiyo iliyobaki kuwa nishani ya dola, ikavaliwa kwa karibu miaka hamsini ya Seyyid Khalifa. Hamudiya unaikuta leo kwenye orodha za minada na katika mistari miwili mitatu ya maisha ya maofisa wa Kiingereza.

Kuna mtu aliniambia, tena hapa hapa Agincourt, kwenye meza ya chai, kwamba mambo haya ni upuuzi wa kibaraka anayewapamba mabwana zake. Simlaumu. Mwezi wa Aprili 1897 Hamud alitia saini amri ya kuondoa hali ya utumwa kisheria katika Unguja na Pemba, jambo ambalo Waingereza walikuwa wakilitaka, na Malkia Victoria naye akamtunuku nishani ya kwake, na mwanawe Ali akapelekwa kusoma Uingereza. Ukizipanga tarehe hizo unaona nishani zinakwenda na kurudi baina ya nyumba mbili kama sahani za futari. Na amri yenyewe, tusiisahau, haikumfungulia mtu mlango: mtumwa alitakiwa aende mwenyewe mahakamani kudai uhuru wake, mwenye mali alipwe fidia, na masuria wakaachwa nje. Waliokuwa mashambani kwenye mikarafuu hawakupata utepe wowote.

Hata hivyo mimi siitazami Hamudiya kama upuuzi. Fikiria Sultani alibakiwa na nini. Jeshi lilikuwa la Raikes. Hazina na serikali vilikuwa vya Mathews. Mambo ya nje yalisemewa na London. Palikuwa na kitu kimoja ambacho Mwingereza, kwa kanuni zake mwenyewe, hakuweza kukifanya bila Sultani: kumpa mtu heshima ya Zanzibar. Mathews hakuweza kujivika. Ilibidi asimame mbele ya Seyyid apewe. Kwa dakika hiyo moja aliyekuwa akitawala alipokea na aliyekuwa akitawaliwa alitoa. Nguvu ndogo, ndogo sana, tena ya kumfurahisha aliyekunyang'anya. Lakini Hamud aliijua, ndiyo maana hakutosheka na Nyota ya wazee, akatia jina lake. Hukumu yangu ni hiyo: Hamudiya ilikuwa aibu na ilikuwa akili, kwa mkono mmoja.

Ninalomshitaki Hamud ni jingine. Kwenye simulizi za vita vile askari wa Kizanzibari waliokuwa chini ya Raikes wanatajwa kwa idadi, 900, na maofisa wanatajwa kwa majina. Ndugu walipigana na ndugu mbele ya Forodhani, na kila nilipotafuta nani alishukuriwa nilikutana na jina la Kiingereza.

Huku tulikohamia mambo haya yalichukua sura nyingine. Mwaka 1919 Bunge la Kanada, kwa hoja ya mbunge aitwaye William Nickle, lilimwomba mfalme aache kuwapa Wakanada vyeo vya kibwana. Walikuwa wamechoka kuona matajiri wa vita wakirudi na majina marefu. Jambo hilo halikuwa la mchezo: mwaka 2001 tajiri wa magazeti Conrad Black aliamua kuuacha uraia wa Kanada ili apate kuitwa Lodi Uingereza. Wakanada walipata hata kusimamisha nishani mwaka 1943, Nishani ya Kanada, ambayo haikuvishwa mtu yeyote mpaka ikafutwa. Hamud aligawa kwa haraka. Hawa walishindwa kugawa kabisa. Mwishowe mwaka 1967 wakaweka jamaa yao ya heshima, Order of Canada, isiyompa mtu cheo cha kuitwa Sir wala Bibi Mkubwa. Ina umbo la chembe ya theluji, na wito wake umetokana na Waraka kwa Waebrania, penye habari za watu wanaotamani nchi iliyo bora kuliko waliyotoka. Wenzetu wamo humo. M. G. Vassanji, mwandishi aliyezaliwa Nairobi akakulia Dar es Salaam na ambaye maisha yake ya uandishi yako hapa Toronto, anayo.

Na Nyota Ing'aayo? Zanzibar ilipata uhuru tarehe 10 Desemba 1963, Seyyid Jamshid bin Abdullah akiwa Sultani. Tarehe 12 Januari 1964 yakaja Mapinduzi, na kiti chenye haki ya kuitoa kikaondoka. Jamshid aliishi Portsmouth, Uingereza, zaidi ya nusu karne, akaruhusiwa kuhamia Oman mwaka 2020, akafa huko tarehe 30 Desemba 2024. Hakuna dola leo inayoitoa Nyota ile. Zanzibar ya sasa ina Nishani ya Mapinduzi, na Muungano una ya Mwenge wa Uhuru na nyinginezo.

Nyota zenyewe hazikupotea zote. Nyingi zilikwenda Ulaya na vifua vya maofisa, na sasa wajukuu wao wanaziuza minadani. Lakini zilikuwako pia za watu wetu: makadhi, maliwali, makarani, wakuu wa forodha. Usiku wa Mapinduzi na miezi iliyofuata watu waliondoka na walichoweza kushika. Wengine waliingia ngalawani, wengine ndege, na katika bahasha pamoja na hati za nyumba na picha za harusi palikuwa na kitu chekundu chenye maandishi ya Kiarabu katikati. Baadhi ya bahasha hizo zimefika Muscat, Dubai, London, na sitashangaa zikiwamo kwenye makabati ya hapa Agincourt.

Kwa hiyo nina ombi. Kama nyumbani kwenu kipo kitu cha namna hiyo, kitoeni, mpeni mtu mzima anayejua Kiarabu asome jina lililo katikati. Akishalisoma, mtajua ni ya Seyyid gani, na kwa hiyo ni ya miaka gani. Mwulizeni bibi au babu ilikuwa ya nani, alifanya kazi gani, alipewa kwa sababu gani. Andikeni kwenye karatasi, kwa Kiswahili, pigeni picha pande zote mbili, kisha pelekeni nakala kwenye Nyaraka za Taifa za Zanzibar, pale Kilimani. Mkitaka kuiuza baada ya hapo, ni mali yenu. Msiiuze kabla.